Madawati Mia na Arobaini

4 Februari

Mpwa wangu,

Bahasha hii ikikufikia ngumu kama ubao, usishangae, nimeifunga kwa gundi ya mbao. Gundi ya posta unailamba leo, kesho imebanduka. Yangu hata wakaguzi wa serikali wataiachia njiani. Natumaini wewe na binti yako hamjambo, na kwamba yule bibi mdogo ameacha kula kalamu. Mimi nipo, nguvu tele, sijaoa tena, na wanawake wa mtaa huu wameanza kukata tamaa. Simu yangu niliisahau juu ya meza ya msumeno. Sasa nina simu mbili na hakuna hata moja inayoongea. Ya kuazima sitaki. Ukitaja pesa kwenye simu ya kuazima, mtaa mzima unajua bei ya suruali yako.

Mama yako mzima. Magoti tu yanamsumbua akipanda zile ngazi mbili za mlangoni kwake. Nimemwambia nitamtengenezea mkono wa kushikia, wa mbao ngumu, utakaodumu kuliko nyumba yenyewe. Akanijibu kwamba mkono huo aliahidiwa miaka minne iliyopita. Dada yangu ana kumbukumbu mbaya sana, hasahau kitu.

Sasa sikiliza. Mwaka jana, mwezi wa sita, nilitengeneza madawati mia na arobaini kwa ile shule ya kulipia iliyo nyuma ya kituo cha mafuta. Wiki saba, mikono hii miwili, na vibarua wawili ambao kazi yao kubwa ilikuwa kuniuliza saa. Unajua kazi yangu. Nimefanya useremala katika nchi tatu, nimetengenezea mabalozi viti. Haya, balozi mmoja, na kilikuwa kigoda, lakini alikikalia. Madawati yale nimeyaunga kwa ulimi na tundu, msumari hakuna, na katika yote mia na arobaini hutapata hata moja linaloyumba.

Mwenye shule tunamwita Mkurugenzi kwa sababu ndivyo mlango wake unavyosema. Siku ya mzigo alikalia dawati la kwanza na suti yake, akalipiga kofi, akasema, "Fundi, haya yatatuzika sote." Malipo yangekuwa baada ya siku thelathini. Leo ni miezi minane tangu nianze kazi ile. Nikienda ananipa soda. "Fundi, wazazi hawajalipa ada. Njoo Ijumaa." Nimekunywa soda za shule ile mpaka naogopa kupima sukari.

Si kwamba nina shida. Mbao nilichukua kwa mkopo kwa Mzee wa Mbao, yule mwenye ghala, na ni muungwana. Kila wiki hupita karakana kunisalimia, kisha hupita kwa mama yako kumsalimia na yeye. Mimi nataka heshima yangu tu. Wewe uko mahakamani, unakunywa chai na mahakimu. Niambie, mtu wa namna hii anabanwaje bila kumpiga?

Mjomba wako,
Bingwa wa Randa


19 Februari

Shikamoo mjomba,

Bahasha yako nimeifungua kwa kisu cha jikoni, na kona ya ukurasa wa pili imebaki humo ndani. Nadhani ni pale ulipokuwa unajisifu, kwa hiyo sijapoteza kitu. Sisi wazima. Binti yangu ameacha kalamu, sasa anakula vifutio. Mimi bado ni karani wa masijala, dirisha namba tatu. Mahakimu sinywi nao chai, nawapelekea mafaili wanapokunywa.

Hilo lako lina njia. Kesi ya kawaida ina mashahidi, ina kuahirishwa, utazeeka ndani yake. Lakini kama uliuza mzigo, ukaupeleka, ukapokelewa, na una karatasi inayosema hivyo, unaweza kuomba amri ya malipo kwa njia ya mkato. Hakimu anasoma karatasi tu, hamwiti mtu. Akiridhika anatoa amri. Mdaiwa anapelekewa, ana siku kumi na tano za kuleta pingamizi. Akinyamaza, amri inapigwa muhuri, na dalali wa mahakama anaweza kwenda kukamata mali yake.

Kila kitu kinasimama juu ya karatasi, mjomba. Unahitaji ile waliyokuagizia madawati, ankara yako, na hasa hati ya kupokelea mzigo yenye sahihi ya mtu wao. Unayo? Usiniambie ipo kichwani.

Halafu nieleze jambo moja. Mzee wa Mbao ameanza lini kumsalimia mama? Nikiwa mdogo mama alikuwa akimwona barabarani anavuka upande wa pili.

Mpwa wako


11 Machi

Mpwa wangu, hakimu mtarajiwa,

Marahaba, na mwambie mla vifutio kwamba babu yake huyu alikula chaki mwaka mzima na bado alifika darasa la sita. Huku mvua imeanza, mbao zinavimba, watu nao wananuna. Mama yako amepanda maua kwenye makopo ya rangi niliyompa. Yanachanua rangi ya vanishi.

Karatasi ninayo. Ulidhani sina, eti? Mtunza bohari wa shule alitia sahihi madawati mia na arobaini, tarehe na muhuri juu. Tatizo lilikuwa dogo: nyuma yake nilikuwa nimechora dirisha la mteja mwingine, na vipimo. Karani wa mahakama ya huku aliigeuza mara tatu. "Mzee, unadai madawati au dirisha?" Nikamwambia, "Dada, dirisha nimeshalipwa, ndiyo maana silidai." Foleni nzima ilicheka. Mtu mmoja aliyekuwa ananyang'anywa kiwanja alicheka mpaka akafuta machozi, akaniambia hiyo ni mara yake ya kwanza kucheka mwaka huu. Kwa hiyo hata nisipopata kitu, mahakama imefaidika.

Wamepokea. Ada nimelipa. Usiniulize nimelipaje, mashine ya randa ya umeme ilikuwa inanipigia kelele tu, na mimi ni bingwa wa randa ya mkono tangu zamani. Aliyeinunua amefurahi, mimi nimefurahi, masikio yangu yamefurahi.

Nakuandikia haraka kwa sababu mwenye duka la stempu anafunga.

Mjomba wako,
Mdai (ndivyo nilivyoandikwa, kwa wino)


25 Machi

Shikamoo mjomba,

Sisi wazima, ila maji yamekatika siku nne na jengo zima linanuka. Nakuandikia nikiwa kazini, watu wamejaa mbele ya dirisha langu, kwa hiyo nitakuwa mfupi.

Soma haya mara mbili. Mkurugenzi akishapelekewa amri atakutafuta. Atakuita pembeni, atakuwa mpole. Usikubali chochote. Usipokee hata soda. Mwambie kila neno alipeleke kwa dalali. Nimekaa dirishani miaka tisa, nimewaona wadai wengi wakishinda mbele ya hakimu kisha wakashindwa kwenye ngazi za mahakama, kwa sababu mtu aliwashika bega. Wewe ukishikwa bega unalainika, mjomba. Nakujua.

Swali langu kuhusu Mzee wa Mbao hukulijibu. Mama ameniandikia, kwa mkono wa jirani. Anasema yuko salama na maua yake. Nauliza tena.

Mpwa wako


29 Aprili

Mpwa wangu,

Kaa chini kwanza. Umekaa? Tumeshinda.

Amri ilitoka siku ya kumi na mbili. Ukurasa mmoja, mfupi kuliko risiti ya misumari, lakini una jina langu, jina la shule, na neno "kulipa" limo humo mara tatu, nimehesabu. Mkurugenzi alipelekewa akapokea kwa sahihi. Siku kumi na tano zikapita. Hakuleta pingamizi. Hata kukohoa hakukohoa. Muhuri ukapigwa. Nimeinunulia karatasi ile fremu. Fremu nimetengeneza mwenyewe, kioo ndicho nilichonunua. Kila mteja akiingia naisafisha kidogo ili aione.

Mama yako nilimpelekea aishike. Aliishika muda mrefu. Akauliza, "Sasa hela inakuja lini?" Nikamwambia karibu. Akairudisha, akaenda kumwagilia maua yaliyokuwa yameshanyeshewa.

Dalali amepanga siku, tarehe kumi na nne mwezi ujao. Ni mtu mfupi asiyecheka, ana kalamu tatu mfukoni. Nilijaribu vichekesho vyangu vyote vizuri. Alichosema ni, "Lori unalipa wewe kwanza." Nimelipa. Usiulize.

Andaa orodha ya zawadi. Binti yako nitamtengenezea kitanda chenye droo.

Mjomba wako,
Mshindi


2 Juni

Shikamoo mjomba,

Tumekusubiri. Tarehe kumi na nne nilikuwa naangalia saa kazini, nikijua pale mnaingia, pale mnabeba. Wiki tatu sasa, kimya. Binti yangu anauliza habari za droo.

Niandikie hata mistari miwili.

Mpwa wako


20 Juni

Mpwa wangu mpendwa,

Salamu nyingi kuliko maranda yaliyo chini ya meza yangu. Natumaini maji yamerudi. Huku tumejaliwa afya, ila baiskeli yangu imeibiwa tairi la mbele peke yake. Mwizi wa huku ana huruma, ameniachia la nyuma. Jirani yangu fundi viatu ameunga mtoto wa tisa, namaanisha amepata, mimi huwaza kazi muda wote. Mbwa wa ghala amekufa. Bei ya gundi imepanda. Fundi mmoja kijana amefungua karakana mkabala na yangu, anauza vitanda vya mbao za maranda yaliyobanwa ambavyo ukipiga chafya vinakuwa viwili. Nilikwenda kumsalimia nikamwonyesha jinsi ya kunoa patasi, maana ile ya kwake ilikuwa inanitia uchungu.

Mama yako anakusalimu. Mkono wa ngazi nimeshaukata, bado kuulainisha.

Ile siku ya dalali tuliahirisha kidogo, sababu za kibinadamu. Kila kitu kiko sawa.

Mjomba wako


4 Julai

Mjomba,

Nimesoma barua yako kuanzia mbwa mpaka mwisho. Umeandika kurasa mbili ili uniwekee mstari mmoja chini kabisa, kama mtu anayeficha kitu chini ya godoro.

Mahakama haina kuahirisha kidogo. Nani aliahirisha? Aliandika nini? Madawati yako wapi sasa hivi, leo hii unaposoma?

Na sasa nisiendelee kuuliza kama mjinga. Barua ya mama ya mwezi wa tatu haikuwa na maua peke yake. Najua nyumba iko rehani kwa Mzee wa Mbao. Najua muda wake unaisha mwezi wa nane. Nimejua tangu Machi, nikakaa nasubiri uniambie wewe mwenyewe. Nimekuuliza mara mbili, ukanipa mvua na stempu. Nyumba ile mama aliijenga chumba kimoja kila alipopata kidogo. Dirisha la jikoni uliweka wewe, nikiwa nakushikia misumari mdomoni mwangu.

Sikasiriki. Hapana, nimekasirika. Niandikie ukweli.

Mpwa wako


30 Julai

Mpwa wangu,

Nimeanza barua hii mara tano. Ukurasa huu ni wa tano, nne nimewashia jiko.

Tulifika saa tatu asubuhi, mimi, dalali, wabebaji wanne na lori. Ofisini kwa Mkurugenzi kulikuwa na feni, kalenda ya mwaka juzi, na kiti ambacho mguu wake umefungwa kamba, si changu. Gari ni la shemeji yake, ana kadi. Dalali aliandika, akageuza ukurasa, akasema, "Fundi, hapa mali ni madawati yako tu." Nikamwambia twende.

Tukafungua mlango wa kwanza wa darasa. Watoto walikuwa kwenye mitihani yao ya mwisho. Hawakugeuka, walidhani ni msimamizi. Nikasimama mlangoni. Madawati arobaini ndani ya chumba kimoja, watoto wameyainamia, wanaandika kwa nguvu kama wanachimba, na hakuna kiungo hata kimoja kinacholalamika. Nitakwambia ukweli kama ulivyoomba. Kabla ya huruma kulikuwa na majivuno. Nilisimama pale nikiwa mkubwa. Nilitamani dalali asikilize ule ukimya.

Halafu nikasikia kitu. Tk, tk, tk. Kule nyuma. Msichana mmoja, kila akiandika, dawati lake linayumba. Dawati lilikuwa zima, ni sakafu, saruji imebonyea. Lakini nani atajua ni sakafu? Nikapita katikati yao, nikapiga magoti, nikatoa kabari mfukoni, ile ndogo ninayotembea nayo, nikaisukuma chini ya mguu. Likatulia. Msichana alinitazama mara moja tu, akaendelea kuandika mbiombio, nadhani nilikuwa nimemchelewesha.

Nilipoinuka wabebaji walikuwa mlangoni wamekunja mikono ya mashati. Dalali akaniuliza kwa sauti ya chini, "Tuanze na hilo la nyuma?"

Nilishindwa, mpwa wangu. Nimetoka kulitia kabari sasa hivi. Magoti yangu bado yana vumbi lake.

Mkurugenzi akaja. Alikuja na soda. Akanishika bega, ndiyo, hilohilo ulilosema. "Fundi, siku kumi na nne tu, mitihani iishe. Baada ya hapo beba mpaka kengele." Dalali akasema, "Mimi nalipwa kubeba. Ukiniambia niondoke, nitaandika kwamba mdai mwenyewe ndiye aliyesimamisha, na ukitaka kuanza tena ni ombi jipya na ada mpya." Nikamwambia andika. Akaandika. Nikatia sahihi juu ya dawati langu mwenyewe, pazuri sana pa kuandikia.

Siku ya kumi na nne nilikwenda mwenyewe, kwa miguu. Geti limefungwa mnyororo. Mjaza mafuta wa kituoni aliniambia malori mawili yalikuja Jumapili, yakabeba, na Mkurugenzi alikaa mbele kwenye la kwanza. "Tulidhani ni wewe umeyauza," akaniambia. "Yalipangwa vizuri, hata moja halikugongwa."

Yamebaki kumi na moja, kwenye chumba kinachovuja.

Kuhusu nyumba. Mzee wa Mbao alikataa kunikopesha bila dhamana, na karakana ni ya kupanga. Mama yako nilimpelekea karatasi akaweka dole gumba. Nilimwambia ni karatasi ya kupokelea mbao. Nilimdanganya dada yangu mezani kwake, nikiwa nakula chakula chake. Nilijua nitalipwa kabla hajajua. Nani angeacha kulipia madawati kama yale?

Nimejaribu kila mahali. Mzee wa Mbao hataki hata nusu, na nusu yenyewe sina.

Mjomba wako


18 Agosti

Shikamoo mjomba,

Nimekawia kwa sababu nilikuwa nauliza. Nimemwuliza karani mkuu, nimemwuliza wakili mmoja ninayemdai fadhila. Wote wamesema neno lile lile. Amri yako ni halali, haijafa. Unaweza kuomba tena dalali leo. Lakini dalali anakamata mali anayoonyeshwa, na mtu anayejulikana alipo. Shule ilikuwa ya kupanga. Mkurugenzi hajulikani alipo. Madawati yameuzwa kwa mtu aliyelipa, na huyo hana kosa. Una haki yote, mjomba, imepigwa muhuri, na hakuna pa kuipeleka. Hukumu kama hizo tunazo kabati zima hapa nyuma yangu. Huwa tunafuta vumbi mara moja kwa mwaka. Zamani sikuwa naziona.

Omba wakukamatie hayo kumi na moja angalau.

Sasa ya mama. Nakwambia kwa sababu umeniambia yako. Alijua. Siku unampelekea karatasi alijua. Alimwambia jirani aniandikie hivi, nanakili neno kwa neno: "Karatasi ya kupokelea mbao haichorwi ramani ya kiwanja. Niliona nyumba yangu imechorwa pale, na ngazi zake mbili. Nikaweka dole. Alikuwa na furaha sana na kazi ile. Usimwulize, ataacha kucheka, na akiacha kucheka nani atakaa na mimi?"

Nimekaa na maneno hayo tangu Machi. Nilikuuliza hata hivyo, na sijui kama nilifanya vizuri.

Nauli ya mama imo humu. Chumba changu ni kimoja lakini tutabanana. Mlete mwenyewe, au mpandishe basi ukimkabidhi kwa kondakta.

Mpwa wako anayekupenda


12 Septemba

Mpwa wangu,

Nauli nairudisha, imo humu, ihesabu. Mama yako amekataa. Nimembembeleza, nimegomba, nimemwitia jirani. Anasema kwako kuna dirisha moja, na kwamba mimi siwezi kuachwa peke yangu, nitakula gundi.

Mkono wa ngazi niliufunga Jumatatu. Mbao ngumu, nimeulainisha mpaka unateleza kama mgongo wa samaki. Alhamisi Mzee wa Mbao alikuja na watu wake. Hakufoka. Alivua kofia, akasimama pembeni akisubiri. Mama yako alishuka zile ngazi mbili akiushika, mara ya kwanza na ya mwisho. Chini akasimama, akaupigapiga. "Huu ni imara kweli," akasema. Alimwambia nani, sijui. Mimi nilikuwa nimebeba makopo ya maua. Nilitaka kuung'oa niondoke nao, Mzee wa Mbao akaniambia kwa upole kwamba kilichofungwa kwenye nyumba ni cha nyumba. Ni kweli. Hata mimi ningemwambia mteja hivyo. Jikoni ameshajaza mbao mpaka kwenye dirisha.

Madawati kumi na moja dalali aliyakamata. Yalinadiwa uwanjani kwa mahakama, walikuja watu watatu, wawili walikuwa wanajikinga jua. Hakuna aliyetaja bei. Kwa hiyo mahakama imenikabidhi mimi, kwa thamani iliyokadiriwa, ipunguzwe kwenye deni. Nimetia sahihi kupokea madawati niliyoyatengeneza. Yule karani wa dirisha aliniuliza, "Mzee, na dirisha je?" Alitaka kunichekesha, dada wa watu. Nilimwitikia kwa kichwa.

Mama yako anaishi karakana. Nimeyapanga madawati sita, matatu kwa matatu, nimeyaunga kwa chini, juu nimetandika godoro lake. Yale ya chumba kinachovuja yalikuwa yamevimba, nikayakausha taratibu, nikayapiga randa upya. Usiku hageuki sana kwa sababu ya magoti, lakini akigeuka nasikiliza. Hayayumbi. Sauti hakuna. Asubuhi namwuliza umelalaje, ananijibu, "Kama mwanafunzi."

Lile alilokuambia kupitia jirani sijamweleza kwamba nimelisoma. Yeye anadhani nadhani hajui. Tumekaa hivyo.

Jana alikuja mtu anataka mabenchi ya kanisa, hamsini, malipo baada ya siku thelathini. Suti nzuri. Alilipiga kofi benchi langu la kazi akasifu. Nilikuwa nimeshachukua penseli sikioni kuandika vipimo. Nikageuka nikamwona dada yangu amekaa kitandani kwake, juu ya madawati, miguu haifiki chini. Nikairudisha penseli.

Nilitaka nikumalizie kwa kichekesho. Tangu asubuhi nimeshika kalamu. Nilikuwa na kimoja cha balozi na kigoda, lakini nakumbuka nilishakueleza. Mama yako ananitazama kutoka kule, anasubiri aone nitacheka wapi ninapoandika.

Nimecheka kidogo, ili aone.

Mjomba wako